Uzi: Victor Rebengiuc, mwigizaji wa Romania aliyesema "Sina!" na sinema nzima ikalipuka

Mkwajuni (#1)

Wakuu, habari za jioni. Kuna mwigizaji mmoja ninaye kichwani tangu 1987 na sijawahi kukuta mtu amemwandika kwa Kiswahili. Leo naanza mwenyewe. Anaitwa Victor Rebengiuc, jina la ukoo linatamkwa Rebenjuk. Ni Mromania, kazaliwa Bucharest tarehe 10 Februari 1933.

Nilimjuaje? Mwaka 1985 nilikwenda Romania kusoma. Miaka ile walikuwa wanapokea vijana wengi wa Kiafrika. Mwaka wa kwanza tulikuwa tunakula lugha tu asubuhi hadi jioni, halafu nikapelekwa Ploiești, mji wa mafuta kama kilomita 60 kaskazini mwa Bucharest, kusomea mambo ya visima.

Bwenini kwetu kulikuwa na mama mmoja msafishaji. Sote tulimwita tanti, ndivyo wao wanavyomwita mama yeyote wa makamo. Alikuwa mtu wa shamba kutoka kusini, kule kwenye tambarare za karibu na mto Danube. Siku moja ya baridi akanikuta kwenye ngazi akaniambia, "Nenda mjini kaangalie filamu mpya. Mtamwona baba yangu." Nikadhani baba yake ni mwigizaji.

Nikaenda. Sinema haikuwa na joto. Watu wameketi na makoti na kofia, pumzi zinatoka kama moshi. Filamu inaitwa Moromeții, ya mwongozaji Stere Gulea, imetokana na riwaya ya Marin Preda ya 1955. Picha nyeusi na nyeupe, ndefu, kama saa mbili na nusu. Inahusu mkulima mmoja, Ilie Moromete, anayechezwa na Rebengiuc, miaka michache kabla ya Vita vya Pili. Ana mke wa pili, ana watoto wa ndoa mbili wasiopendana, ana deni benki na ana kodi ya ardhi asiyoweza kulipa.

Sasa nisikilizeni. Watoza kodi wamefika kwake, wamekaa barazani wanamsubiri. Moromete anaingia uani. Anawapita. Hawaangalii, hawasalimii, kama vile pale barazani pana mtungi tu. Anaanza kupiga kelele akimwita mkewe, anamwita mwanawe, anawatuma kazi. Na sisi tunaotazama tunajua kabisa kwamba hao anaowaita hawapo nyumbani. Mtoza kodi anamngoja tu. Moromete anazidi kwenda, mgongo umetugeukia. Halafu ghafla anageuka mzima mzima na kumpigia mtoza kodi usoni neno moja:

"N-am!"

Maana yake "Sina!" Halafu, kama aliyeutua mzigo, anamwomba sigara.

Ile sinema ililipuka. Watu walicheka mpaka wengine wakafuta machozi, na kilikuwa kicheko cha watu waliotoka kwenye foleni ya mkate saa moja kabla. Nilivyorudi bwenini tanti alinisubiri mlangoni. "Umemwona?" Nikamwambia nimemwona. Akaniambia, "Hivyohivyo. Alikuwa akitembea hivyohivyo."

Na huyu Rebengiuc ni mtoto wa mjini, wakuu. Hilo ndilo lililonifanya nianze kumfuatilia.

Shangazi Zuu (#2)

Naweka kambi hapa. Endelea mzee wetu.

Chuma cha Pua (#3)

Mkuu hapo kwenye mtoza kodi umenikumbusha babu. Alikuwa anatusimulia walivyokimbilia porini siku za kodi ya kichwa. Yeye alikuwa hakimbii, anakaa mlangoni anachonga mpini. Wakimuuliza jina anawatajia la marehemu kaka yake.

Tupe na historia yake huyo jamaa, katokea wapi, kasomea wapi.

Mkwajuni (#4)

Chuma, babu yako na tanti wangeelewana.

Historia yake kwa ufupi. Alisoma chuo cha taifa cha maigizo na filamu hapo Bucharest, kile chenye jina la mwandishi wa maigizo Ion Luca Caragiale, akamaliza 1956. Wahitimu wa mwaka ule Waromania wanawaita kizazi cha dhahabu. Kundi zima la vijana hao lilipelekwa kwenye jumba la maigizo la taifa mjini Craiova, wakafanya kazi na mwongozaji Vlad Mugur. Alikuwemo Amza Pellea, alikuwemo Gheorghe Cozorici, alikuwemo Silvia Popovici. Fikirieni darasa moja linatoa watu wote hao.

Craiova Rebengiuc hakukaa sana. Mwaka 1957 alirudi Bucharest na kuingia kwenye jumba ambalo baadaye lilikuja kuitwa Bulandra, kwa jina la mama aliyeliongoza, Lucia Sturdza Bulandra, mwigizaji mkubwa aliyefariki 1961. Pale ndipo nyumbani kwake. Miongo na miongo jukwaa lilelile. Hata mke wake, Mariana Mihuț, ni mwigizaji wa palepale, na si mwigizaji wa kusindikiza mume, ni mkubwa kwa haki yake.

Filamu iliyompeleka duniani ni Pădurea spânzuraților, yaani Msitu wa Walionyongwa. Kaiongoza Liviu Ciulei, ambaye wakati huo ndiye aliyekuwa mkuu wa jumba la Bulandra, na mwaka 1965 Ciulei akapewa tuzo ya mwongozaji bora kwenye tamasha la filamu la Cannes. Rebengiuc alikuwa na miaka thelathini na kidogo. Anacheza Apostol Bologa, Mromania aliye ofisa kwenye jeshi la Austria na Hungaria katika Vita vya Kwanza. Mwanzoni anakaa kwenye mahakama ya kijeshi na kupiga kura Mcheki mmoja anyongwe kwa kutoroka. Ana uhakika na sheria, ana uhakika na wajibu. Kisha jeshi linahamishiwa upande wanakopigana na Waromania wenzake, na siku moja anaambiwa akae tena mahakamani, safari hii kuwahukumu watu wa damu yake. Anatoroka. Mnajua mwisho wake.

Aliyeandika riwaya hiyo, Liviu Rebreanu, alikuwa na mdogo wake aliyenyongwa hivyohivyo na jeshi hilohilo mwaka 1917.

Kuna sehemu karibu na mwisho nataka muiangalie kwa makini. Bologa yuko kifungoni, anangoja asubuhi. Mchumba wake, binti wa kijijini wa Kihungaria, anamletea chakula. Anatandika kitambaa mezani na kupanga vyombo kama anavyompangia mume arudipo shamba. Wanaongea kidogo mno. Rebengiuc anakula. Ni hivyo tu, mtu anakula. Lakini anavyotafuna unaona anajitahidi kumfurahisha binti kwamba chakula ni kizuri, na wakati huohuo kooni hakipiti.

BintiRuvuma (#5)

Shikamoo mzee Mkwajuni. Mimi ni mwigizaji wa jukwaani, nimeanza juzijuzi tu. Naomba kuuliza: hawa watu walikuwa chini ya Ceaușescu, yule dikteta wa kikomunisti. Maigizo yalikuwa ya serikali, mishahara ya serikali. Sasa aliwezaje kufanya kazi miaka yote hiyo bila kuwa chombo cha kusifu? Maana kwa kawaida msanii aliyeko kwenye mfumo wa namna hiyo ama anaimba sifa au anafungashiwa virago.

Mkwajuni (#6)

Marahaba mwanangu. Swali lako ndilo kiini cha uzi wote, nitalijibu kwa kirefu kidogo.

Kwanza ujue utaratibu ulivyokuwa. Igizo haliwi wazi kwa watu mpaka tume ya serikali ije kulitazama. Wanakaa ukumbini karibu peke yao, nyinyi mnacheza mbele yao kwa ukamilifu, taa na mavazi, halafu wanasema hili toeni, hili punguzeni, yule asivae hivi. Mnarekebisha, wanarudi tena.

Waigizaji nao wakajifunza kupenyeza. Walikuwa na neno lao, șopârlă, maana yake mjusi. Mjusi ni kile kifungu cha maneno kinachopita mbele ya tume kama kitu kisicho na hatia, halafu usiku wa onyesho mwigizaji anakiwekea kituo kidogo, anainua nyusi, na ukumbi mzima unaelewa nani anasemwa. Sisi tungeita fumbo, au kijembe. Watu walikuwa wanakwenda kwenye maigizo kuwinda mijusi. Televisheni ilikuwa saa mbili tu kwa siku, na nyingi kati ya hizo zilikuwa za kiongozi na mkewe. Tiketi za Bulandra zilikuwa zinapiganiwa.

Lakini mjusi mkubwa sana anaonekana. Mwaka 1972 Lucian Pintilie aliongoza hapo Bulandra igizo la Mkaguzi Mkuu la Mrusi Gogol, lile la wakubwa wa mji mdogo wanaotetemeka kwa sababu ya mkaguzi wa uongo. Lilionyeshwa mara tatu tu, likapigwa marufuku. Pintilie akalazimika kutafuta kazi nchi za nje. Ciulei akaondolewa kwenye uongozi wa jumba mwaka huohuo. Jumba likakatwa kichwa, na waigizaji wakabaki humo.

Pintilie akapata ruhusa ya kurudi kutengeneza filamu moja nyumbani, De ce trag clopotele, Mitică?, kutoka kwenye vichekesho vya Caragiale. Rebengiuc yumo, anamcheza Pampon, na mkewe Mariana yumo pia. Ilikamilika 1981. Ikafungiwa kabatini. Watu waliiona mwaka 1990, wakati yule aliyeifungia ameshakuwa marehemu.

Hebu fikiri mwanangu, umejitoa roho kwenye kazi, umeimaliza, halafu miaka tisa hakuna mtu aliyeiona. Na kesho yake asubuhi unatakiwa ukumbini kwenye mazoezi ya igizo jingine.

Kwa hiyo kukujibu: hakuwa nje ya mfumo. Alikuwa ndani, analipwa mshahara humo humo. Ila nikimtazama naona alichagua mahali pa kuwekea nguvu zake. Mtu akikupa maneno ambayo hayakuhusu, unaweza kuyasema na yakabaki maneno. Ukipewa Moromete, unaweka maisha yako yote.

Mpiga Debe Msomi (#7)

Mkuu kuna jamaa nilisoma habari zake zamani, mwigizaji mkubwa wa vichekesho wa huko alifariki kwenye tetemeko. Ndiye huyohuyo au mwingine?

Mkwajuni (#8)

Mwingine. Huyo ni Toma Caragiu, na afadhali umemtaja, maana Ploiești niliyokaa mimi ndiyo mji wake.

Caragiu alizaliwa 1925 huko Ugiriki, kwenye familia ya Waaromania, watu wenye lugha iliyo ndugu na Kiromania. Familia ikahamia Romania, mwishowe Ploiești. Jumba la maigizo la mji aliliongoza zaidi ya miaka kumi, leo lina jina lake. Mwaka 1965 Ciulei akamchukua Bulandra, hivyo yeye na Rebengiuc wakawa jukwaa moja. Kwenye lile igizo la Gogol lililopigwa marufuku yeye ndiye aliyekuwa meya. Na vichekesho vyake vya televisheni, mpaka nafika mimi watu walikuwa wanavikariri kwenye foleni.

Usiku wa tarehe 4 Machi 1977, saa tatu na dakika 22, tetemeko likapiga kutoka milima ya Vrancea. Waliokufa nchi nzima walizidi 1,500, wengi wao Bucharest. Jengo alilokuwemo Caragiu liliporomoka, alikuwa na mwongozaji wa televisheni Alexandru Bocăneț. Wote wawili walifia hapo. Caragiu alikuwa na miaka 51.

Tanti alikuwa na picha yake iliyokatwa gazetini, kaibandika ndani ya mlango wa kabati la mafagio. Kila akifungua kutoa fagio anamwona. Sikuwahi kumuuliza kwa nini pale. Baadaye nikaja kuelewa kwamba lile kabati ndilo lililokuwa lake peke yake katika jengo zima.

Shangazi Zuu (#9)

Hapo kwenye kabati nimesimama kidogo, mzee.

Sasa turudi kwa Rebengiuc. Ulikuwepo mapinduzi yalipotokea 1989? Yeye alikuwa upande gani?

Mkwajuni (#10)

Nilikuwepo Shangazi. Tarehe 22 Desemba Ceaușescu alipaa na helikopta kutoka juu ya paa la jengo la Kamati Kuu ya chama. Bwenini tulijazana kwenye chumba cha televisheni, Waarabu, Waafrika, Wagiriki, Waromania wenyewe. Mara kwenye skrini akatokea mwigizaji Ion Caramitru pamoja na mshairi Mircea Dinescu, wamezungukwa na umati, nywele hazijachanwa, wanatangaza kwamba dikteta amekimbia. Caramitru tulimzoea kama Hamlet, yule wa Shakespeare, kwenye jukwaa la Bulandra. Naye baadaye alikuja kuwa waziri wa utamaduni, akaliongoza Jumba la Taifa la Maigizo tangu 2005 mpaka alipofariki 2021.

Rebengiuc yeye alifanya jambo ambalo Waromania hawalisahau. Baada ya utawala kuanguka alionekana kwenye televisheni ameshika mkononi roli ya karatasi ya chooni. Akawaambia wale waliokuwa wakiimba sifa za Ceaușescu jana, na leo wamepanda jukwaani kuhubiri uhuru, kwamba kabla hawajaongea wajifute midomo kwanza.

Jiwekeni kwenye nafasi ya mtazamaji. Hiyo karatasi yenyewe miaka ile ilikuwa ya kutafuta kwa tochi, tulikuwa tunatumia magazeti, na kila gazeti lina picha ya Ceaușescu. Ile roli ilisema vitu viwili kwa mpigo, na hakupiga kelele wala hakutaja jina la mtu.

Baadaye alikuwa mkuu wa kilekile chuo cha maigizo na filamu alichosoma, miaka ya tisini mwanzoni. Vijana waliokuja kuibeba sinema mpya ya Romania walipita chuoni hapo.

Chuma cha Pua (#11)

Huyu mtu kumbe ni mzito. Bado anaigiza uzeeni?

Mkwajuni (#12)

Hakuacha. Pintilie alipoanza tena kutengeneza filamu kwa uhuru akamweka kwenye Balanța, ya 1992. Ila mimi ninayoipenda katika zile za uzeeni ni Medalie de onoare, ya Călin Peter Netzer, 2009. Ilimpa tuzo ya mwigizaji bora kwenye tamasha la Thessaloniki, naye ameshavuka miaka 76.

Anacheza mzee mstaafu anayeitwa Ion I. Ion. Ni mwaka 1995, majira ya baridi, anakaa kwenye fleti ya ghorofani na mkewe ambaye hasemi naye. Wanaishi nyumba moja, wanakula meza moja, neno hapewi. Siku moja anapata barua: serikali inamtunukia medali kwa ushujaa wake vitani. Yeye hakumbuki ushujaa wowote. Anaanza kujikumbusha, anatafuta kwenye kumbukumbu zake mahali ambapo labda alikuwa shujaa bila kujua, na kidogo kidogo anapata kitu cha kusimulia. Majirani wanamheshimu. Hata nyumbani barafu inaanza kuyeyuka.

Sitawamalizia. Nitasema tu kwamba kile kimya cha mke kina sababu, inamhusu mtoto wao wa kiume aliyetaka kutoroka nchi enzi zile, na kile baba alichokifanya aliposikia. Hapo ndipo utamwona Rebengiuc akibeba aibu. Anavyoivaa ile medali, anavyoishusha kidogo kifuani ili ionekane lakini asionekane ameionyesha. Nimekaa na wazee wa namna hiyo. Nawajua.

Moromeții nayo ilitengenezewa sehemu ya pili mwaka 2018, mwongozaji yuleyule, ila Moromete safari hiyo akachezwa na Horațiu Mălăele. Mălăele ni bingwa, sina ugomvi naye. Mimi nikisikia jina Moromete ninaona ule mgongo.

BintiRuvuma (#13)

Mzee, mimi hiyo filamu ya kwanza nitaitafuta leo leo. Nikiipata yenye maandishi ya Kiingereza chini inatosha? Na niangalie nini zaidi ya hapo kwa mtoza kodi?

Mkwajuni (#14)

Inatosha kabisa.

Angalia mti. Moromete ana mti mmoja mkubwa uani, Waromania wanauita salcâm, una miiba na maua meupe yenye harufu. Kijiji kizima kinaujua. Kwa kukosa pesa anauuza kwa jirani asiyempenda. Anaamka alfajiri, anamwamsha mwanawe Nilă, wanakwenda kuukata. Kijana haelewi, anauliza kwa nini wanaukata. Baba anamjibu kwamba wanaukata makusudi, ili wajinga washangae.

Usisikilize jibu, mwangalie mtu. Baba hawezi kumwambia mtoto kwamba ameshindwa. Akisema "nimekwama" itakuwa kweli, kwa hiyo anatoa kichekesho. Na mtoto naye, mzito wa kuelewa, anabaki na shoka mkononi. Mti ukianguka utaona ua umekuwa mdogo ghafla, nyumba imekuwa fupi, hata farasi wanaonekana wadogo. Mwongozaji kafanya kazi yake hapo, lakini ni Rebengiuc anayekuonyesha ukubwa wa kilichoondoka, kwa namna anavyotazama pale juu palipokuwa na matawi.

Mpiga Debe Msomi (#15)

Uzi wa maana huu. Nimemtumia kaka yangu aliyesoma Bucharest miaka ya themanini mwishoni, kasema sinema aliyoikumbuka kuliko zote ni hiyohiyo, na kwamba naye alikaa na koti.

BintiRuvuma (#16)

Nimerudi. Nimeiangalia jana usiku mpaka saa saba, na leo asubuhi nikarudia ile ya watoza kodi mara sita.

Mzee, uliniambia mgongo, nami nikaangalia mgongo. Mara ya kwanza nilicheka kama mlivyocheka nyinyi. Mara ya tatu nikaacha kumtazama yeye nikamtazama mtoza kodi, nikaona anajua mchezo wote, ameshauona kwenye nyumba nyingine hapo kijijini. Mara ya sita nikagundua kwamba zile kelele za kumwita mke na mtoto ambao hawapo siyo za kumdanganya mtoza kodi. Anajipa muda. Anatembea na lile neno mdomoni, hajui kama litatoka kwa ukali au kwa kulia, na anageuka kabla hajawa tayari.

Jumamosi tuna mazoezi. Nina sehemu ambayo namwambia mwenye nyumba kwamba kodi ya chumba sina. Nilikuwa naisema nikiwa nimemkabili. Nitajaribu kumpita kwanza.

Mkwajuni (#17)

Mpite kabisa, mwanangu. Wala usimsalimie. Utuletee habari Jumapili.